Atomu zimelingana pande zote mbili, kwa nini mlinganyo bado ni kosa?

Mwanafunzi wa kidato cha tano, tahasusi ya PCB (Fizikia, Kemia na Baiolojia), ameniandikia hivi: "Shikamoo mwalimu. Tulipewa kuandika mlinganyo wa pamanganeti na ioni za chuma katika asidi. Nimeandika MnO₄⁻ + Fe²⁺ + 8H⁺ → Mn²⁺ + Fe³⁺ + 4H₂O. Nimehesabu atomu zote, zimelingana, lakini nimepewa sifuri. Kosa liko wapi? Pia hizo H⁺ na maji tunaambiwa tu tuongeze. Zinatoka wapi hasa? Na swali likisema myeyusho ni wa kialikali, nifanyeje?"

Marahaba. Umefanya vyema kuuleta mlinganyo wenyewe badala ya kusema tu kwamba mada ni ngumu, kwa sababu mlinganyo huo unaonyesha waziwazi ni jambo gani umeshalielewa na ni jambo gani bado hujaambiwa. Hesabu yako ya atomu ni sahihi kabisa: manganisi moja kila upande, chuma moja kila upande, oksijeni nne, haidrojeni nane. Kilichobaki ni hesabu ya pili ambayo mlinganyo wowote wenye ioni lazima uipite, nayo ni hesabu ya chaji. Tuifanye pamoja. Upande wa kushoto una −1 ya pamanganeti, +2 ya chuma na +8 za haidrojeni, jumla +9. Upande wa kulia una +2 ya manganisi na +3 ya chuma, na maji hayana chaji, kwa hiyo jumla ni +5. Chaji nne zimepotea katikati ya mshale, na chaji haipotei wala haizuki ndani ya chupa ya maabara kama vile atomu zisivyopotea wala kuzuka.

Tofauti hiyo ya nne ndiyo inayotuonyesha kosa lenyewe. Ioni moja ya pamanganeti inapogeuka kuwa Mn²⁺ hupokea elektroni tano. Ioni moja ya chuma inapotoka Fe²⁺ kwenda Fe³⁺ hutoa elektroni moja tu. Katika mlinganyo wako, kwa hiyo, manganisi imepokea elektroni tano ilhali aliyetoa ametoa moja, na hizo nne zilizosalia hazina mahali zilipotoka. Mlinganyo wenye atomu zilizolingana peke yake hauwezi kukuonyesha upungufu huo, kwa kuwa elektroni haimo katika hesabu ya atomu hata kidogo. Hii ndiyo sababu ya kuigawa hatua nzima, yaani mmenyuko wote, katika milinganyo nusu miwili, mmoja wa kinachotoa elektroni, yaani kinachooksidishwa, na mwingine wa kinachopokea elektroni, yaani kinachopunguzwa. Tukiigawa hivyo, elektroni zinaandikwa karatasini na kuhesabika, na kosa la aina yako halina pa kujificha.

Tuanze na chuma, kwa kuwa ni rahisi. Atomu zimelingana tangu mwanzo, moja kwa moja. Chaji ya kushoto ni +2, ya kulia ni +3. Elektroni ina chaji ya −1, hivyo tukiweka moja upande wa kulia, chaji ya kulia inashuka hadi +2 na mlinganyo nusu umekamilika:

Fe²⁺ → Fe³⁺ + e⁻

Pamanganeti inahitaji subira zaidi, na hapa naomba ufuate mpangilio nitakaoutumia bila kuugeuza. Andika kwanza kile unachokijua kwa hakika, yaani kilichoingia na kilichotoka: MnO₄⁻ → Mn²⁺. Hakikisha elementi yenyewe inayobadilika, ambayo ni manganisi, imelingana; hapa imelingana tayari. Angalia oksijeni: kushoto ziko nne, kulia hakuna. Katika myeyusho wa maji, oksijeni hulinganishwa kwa kuweka maji upande wenye upungufu, kwa hiyo tunaandika 4H₂O kulia. Maji hayo yameleta haidrojeni nane ambazo kushoto hazipo, na katika asidi haidrojeni hulinganishwa kwa H⁺, kwa hiyo tunaweka 8H⁺ kushoto. Sasa, na ni sasa tu, ndipo tunapoigusa chaji. Kushoto kuna −1 + 8 = +7, kulia kuna +2. Ili kushoto kushuke kutoka +7 hadi +2 tunahitaji chaji hasi tano, yaani elektroni tano:

MnO₄⁻ + 8H⁺ + 5e⁻ → Mn²⁺ + 4H₂O

Ninasisitiza kwamba elektroni ziwekwe mwisho kwa sababu ya msingi. Elektroni ina chaji lakini haibadilishi idadi ya atomu, kwa hiyo ukiiweka baada ya atomu zote kulingana, haivurugi chochote ulichokwisha kukijenga. Ukiiweka mwanzo, halafu ukaja kuongeza H⁺ ambazo zina chaji, itakubidi urudi nyuma na kuanza kujiuliza kama elektroni ulizoziandika bado zinafaa. Wanafunzi wengi hufundishwa kukisia elektroni kwanza kwa kutumia namba za oksidisho, yaani namba zinazoonyesha atomu imehesabiwa kupoteza au kupata elektroni ngapi, na njia hiyo si ya uongo, lakini mimi naiona inafaa zaidi kuhakikishia jibu kuliko kulitafutia. Nitairudia baadaye.

Kuunganisha milinganyo nusu hiyo miwili ni kazi ya Kigawe Kidogo cha Shirika (KDS) uliyoijua tangu shule ya msingi. Mmoja unatoa elektroni moja, mwingine unataka tano. KDS ya moja na tano ni tano. Tunauzidisha mlinganyo nusu wote wa chuma kwa tano, kisha tunaijumlisha miwili hiyo na elektroni tano za kushoto zinafutana na tano za kulia:

MnO₄⁻ + 8H⁺ + 5Fe²⁺ → Mn²⁺ + 4H₂O + 5Fe³⁺

Hesabu chaji tena. Kushoto: −1 + 8 + 10 = +17. Kulia: +2 + 15 = +17. Usishtuke kwamba jumla si sifuri. Chaji haitakiwi kuwa sifuri; inatakiwa iwe ileile pande zote mbili. Ioni zenye chaji kinyume, kama vile potasiamu na salfeti, zimo humo chupani na ndizo zinazofanya myeyusho wote usiwe na chaji, ila hatuziandiki kwa kuwa zinaingia na kutoka bila kubadilika.

Huenda ukauliza kama sifuri uliyopewa haikuwa kali mno kwa kosa la namba moja. Nenda nayo katika chumba cha mazoezi ya vitendo uone. Tuseme umevuta kwa pipeti sentimita za ujazo 25 za myeyusho wa Fe²⁺, na bureti ya pamanganeti yenye ukolezi wa moli 0.02 kwa lita imetumia sentimita za ujazo 20 hadi rangi ya waridi hafifu ilipobaki bila kufifia. Moli za pamanganeti ni 0.02 × 20 ÷ 1000, sawa na 0.0004. Kwa uwiano sahihi wa moja kwa tano, moli za chuma ni 0.002, na ukolezi wake ni moli 0.08 kwa lita. Kwa mlinganyo ulioandika wewe, uwiano ni moja kwa moja, moli za chuma zinakuwa 0.0004 na ukolezi unakuwa 0.016. Umesoma bureti vizuri, umeosha vyombo vizuri, umelipata lile tone la mwisho kwa uangalifu, kisha umepata jibu ambalo ni sehemu moja ya tano ya ukweli. Mtu anayepima kiasi cha chuma katika vidonge vya kuongeza damu kwa njia hii, na njia hii hutumika kweli, angeandika ripoti ya kuvituhumu vidonge vizima kwamba ni hafifu.

Swali lako la pili ndilo ninalolipenda zaidi, kwa sababu ni dhahiri kwamba hukuridhika na kuambiwa "ongeza tu". H⁺ hazitoki kwenye kalamu ya mwalimu. Zinatoka kwenye asidi ya salfuriki uliyoimimina chupani kabla hujafungua bureti. Pamanganeti ina oksijeni nne zilizoshikamana na manganisi. Manganisi inapokwenda kuwa Mn²⁺, oksijeni hizo zinaachwa, na katika myeyusho uliojaa H⁺ kila oksijeni inaishia kuwa maji kwa kuchukua haidrojeni mbili. Nne mara mbili ni nane. Mlinganyo haudai kwamba ioni hizo nane zinaikumba pamanganeti kwa mpigo mmoja, kwani njia halisi ina hatua kadhaa; mlinganyo unatoa hesabu ya kilichokuwapo mwanzo na kilichokuwapo mwisho, na katika hesabu hiyo asidi imepungua kwelikweli. Ukipima pH kabla na baada ya hatua hiyo katika myeyusho wenye asidi kidogo, utaona imepanda.

Ushahidi mzuri kuliko wote unaweza kuuona kwa macho. Fanya titresheni hiyohiyo ukiwa umeweka asidi kidogo mno. Mwanzoni kila tone la zambarau linaloanguka linafifia na kupotea kama kawaida. Asidi inapoelekea kuisha, matone hayafifii tena kwa usafi. Myeyusho unachafuka, unakuwa wa kahawia, na ukiiacha chupa itulie unaona unga wa kahawia ukitua chini. Huo ni manganisi dayoksaidi. Pamanganeti imekosa H⁺ za kutosha kuondoa oksijeni zote nne, kwa hiyo imeondoa mbili tu na kusimama njiani:

MnO₄⁻ + 4H⁺ + 3e⁻ → MnO₂ + 2H₂O

Tazama elektroni zilivyoshuka kutoka tano hadi tatu. Uwiano wako wa moja kwa tano umekwisha kuvunjika, na usomaji wa bureti hauna maana tena. Kwa hiyo unapoandika 8H⁺ katika mlinganyo nusu, unaandika sharti la jaribio. Ndiyo sababu maelekezo ya mazoezi ya vitendo husema asidi iwe nyingi kuliko inayohitajika, na ndiyo sababu pia si kila asidi inafaa. Asidi ya hidrokloriki haifai kwa pamanganeti kwa kuwa ioni za kloridi zenyewe huoksidishwa kuwa gesi ya klorini, 2Cl⁻ → Cl₂ + 2e⁻, na hivyo pamanganeti inatumika katika kazi ambayo hukuikusudia na bureti inasoma zaidi. Asidi ya nitriki nayo ni kioksidishi yenyewe, yaani hupokea elektroni za wengine, ingeshindana na pamanganeti kukichukua chuma. Salfuriki iliyozimuliwa haiingilii upande wowote.

Kwa daikromati, kioksidishi kingine kinachotumika sana, nitapita haraka, maana mpangilio ni uleule, isipokuwa mtego mmoja unaowanasa wengi. Ioni hii, Cr₂O₇²⁻, ina kromi mbili, na hatua ya kwanza ya kulinganisha elementi inayobadilika, ambayo kwa pamanganeti ilionekana haina kazi, hapa ndipo inapodai haki yake: kulia lazima uandike 2Cr³⁺ kabla hujafanya jambo lingine lolote. Ukifanya hivyo, oksijeni saba zinakupa maji saba, maji saba yanakupa H⁺ kumi na nne, na chaji ya +12 kushoto dhidi ya +6 kulia inakupa elektroni sita: Cr₂O₇²⁻ + 14H⁺ + 6e⁻ → 2Cr³⁺ + 7H₂O. Aliyesahau ile mbili hupata chaji ya +3 kulia na kuandika elektroni tisa.

Mpangilio huu haujui kama unafanya kazi upande wa kupokea au wa kutoa, na hilo ni jambo zuri. Chukua ethanoli inayooksidishwa na daikromati kuwa asidi ya ethanoiki, hatua iliyotumika zamani katika mirija ya polisi ya kupima pumzi za madereva, ambamo rangi ya chungwa iligeuka kijani. Ethanoli, C₂H₅OH, ina oksijeni moja. CH₃COOH ina mbili. Upungufu uko kushoto, kwa hiyo maji yanakwenda kushoto. Haidrojeni sasa ni nane kushoto na nne kulia, kwa hiyo H⁺ nne zinakwenda kulia. Chaji ni sifuri kushoto na +4 kulia, kwa hiyo elektroni nne zinakwenda kulia:

C₂H₅OH + H₂O → CH₃COOH + 4H⁺ + 4e⁻

Hukuhitaji kuambiwa kwamba ethanoli inatoa elektroni. Mlinganyo umekuambia wenyewe kwa kuziweka upande wa kulia. Unapoiunganisha na daikromati, KDS ya nne na sita ni kumi na mbili, na utakuta H⁺ na maji yako pande zote mbili. Usiyaache hivyo. H⁺ ni 28 kushoto na 12 kulia, zinabaki 16 kushoto. Maji ni 3 kushoto na 14 kulia, yanabaki 11 kulia:

2Cr₂O₇²⁻ + 16H⁺ + 3C₂H₅OH → 4Cr³⁺ + 11H₂O + 3CH₃COOH

Chaji ni +12 kila upande. Mlinganyo wenye maji pande zote mbili hausemi uongo, lakini haujamalizika, na wasahihishaji hukata alama kwa hilo.

Sasa alikali. Vitabu vingine hukufundisha kanuni mpya kabisa kwa ajili ya alikali, na hapo ndipo wanafunzi wanapochanganya, kwa sababu inawabidi wakumbuke oksijeni inawekewa nini na haidrojeni inawekewa nini kwa namna mbili tofauti. Nakushauri ufanye kazi yote kana kwamba uko katika asidi, halafu mwishoni ongeza OH⁻ pande zote mbili kwa idadi ileile ya H⁺ zilizopo. Kwa kuwa umeongeza kitu kilekile pande zote, hujavunja ulinganifu. H⁺ na OH⁻ zilizokutana upande mmoja zinakuwa maji, unafuta maji yaliyojirudia, na umemaliza. Pamanganeti katika alikali hafifu, kwa mfano, huishia kuwa ule unga wa kahawia, na mlinganyo nusu wake tumeshauandika. Ongeza 4OH⁻ kila upande: kushoto 4H⁺ na 4OH⁻ zinakuwa maji manne, mawili kati yake yanafutana na mawili ya kulia, na unabaki na MnO₄⁻ + 2H₂O + 3e⁻ → MnO₂ + 4OH⁻. Chaji: −4 na −4.

Sababu ya kufanya hivi si adabu ya uandishi. Katika myeyusho wa kialikali hakuna H⁺ za kutosha kuandikwa kama kitu kinachotumika, na mlinganyo unaoonyesha H⁺ ndani ya alikali unaeleza chupa ambayo haipo. Kuna mahali nchini kwetu ambapo tofauti hii ni ya uhai na kifo, nako ni kwenye uchenjuaji wa dhahabu. Mitambo mikubwa ya kanda ya Ziwa, na hata wachenjuaji wadogo wanaonunua marudio (mabaki ya mchanga wa dhahabu uliokwisha kuchenjuliwa) na kuyaloweka katika matenki, huyeyusha dhahabu kwa sayanaidi. Dhahabu peke yake haioksidishwi na hewa; ndiyo maana pete ya bibi haipati kutu. Lakini ioni za sayanaidi zinapokuwapo, dhahabu inapotoa elektroni inashikwa mara moja na kuwa ioni changamani:

Au + 2CN⁻ → Au(CN)₂⁻ + e⁻

Mpokeaji wa elektroni hizo ni oksijeni ya hewa iliyoyeyuka majini. Tuifanye kwa njia yetu. O₂ inaishia kuwa maji katika asidi: O₂ + 4H⁺ + 4e⁻ → 2H₂O. Ongeza 4OH⁻ pande zote mbili; kushoto zinakuwa maji manne, mawili yanafutana na ya kulia:

O₂ + 2H₂O + 4e⁻ → 4OH⁻

KDS ya moja na nne ni nne, tunauzidisha mlinganyo nusu wa dhahabu na kujumlisha:

4Au + 8CN⁻ + O₂ + 2H₂O → 4Au(CN)₂⁻ + 4OH⁻

Kushoto chaji ni −8. Kulia ni −4 na −4, jumla −8. Sasa jiulize ingekuwaje kama mtu angebaki na mlinganyo wenye 4H⁺ upande wa kushoto na kusema, "haya, tumwage asidi ili hatua iende haraka." Katika asidi, CN⁻ huchukua H⁺ na kuwa HCN, gesi inayoua kwa kuvutwa puani. Ndiyo sababu matenki hayo huwekwa chokaa hadi pH ipite 10 kabla sayanaidi haijatiwa, na pH hiyo hupimwa mara kwa mara. Mlinganyo ulioandikwa kwa OH⁻ unaeleza tenki lilivyo. Ule wa H⁺ ungeeleza ajali. Mwangalie pia O₂ katika mlinganyo: bila hewa kupulizwa au tope kukorogwa, sayanaidi hata iwe nyingi kiasi gani haiyeyushi dhahabu, kwa kuwa hakuna wa kuzipokea elektroni. Baadaye dhahabu hiyo inaweza kurudishwa kuwa metali kwa unga wa zinki, 2Au(CN)₂⁻ + Zn → 2Au + Zn(CN)₄²⁻, ambapo zinki inatoa elektroni mbili na kila dhahabu inapokea moja.

Mfano huu unafundisha jambo lingine ambalo hukuliuliza lakini linahusika. Kusawazisha mlinganyo hakuthibitishi kwamba hatua inatokea. Unaweza kuandika dhahabu na oksijeni bila sayanaidi, ukasawazisha atomu na chaji kikamilifu, na dhahabu ikakaa humo milele bila kubadilika. Kuhusu nini kinatokea, ziulize thamani za elektrodi, yaani volti zinazoonyesha kitu kinavyovuta elektroni, kubwa zaidi ikivuta zaidi: pamanganeti katika asidi ina +1.51 V, klorini +1.36 V, daikromati +1.33 V, na Fe³⁺/Fe²⁺ +0.77 V. Kwa namba hizo unaona kwa nini pamanganeti inakioksidisha kloridi, ilhali daikromati iliyozimuliwa, ikiwa baridi, inavumiliana na asidi ya hidrokloriki. Milinganyo nusu inakuambia kiasi, na thamani za elektrodi zinakuambia mwelekeo.

Niliahidi kuzirudia namba za oksidisho. Zitumie kuhakiki. Manganisi katika MnO₄⁻ ina +7, katika Mn²⁺ ina +2, tofauti ni tano, na elektroni zetu zilikuwa tano. Zikitofautiana, rudi ukatafute kosa. Lakini zipo ioni zinazoifanya njia hiyo ikuchoshe bure. Thayosalfeti inayotumika katika titresheni ya aidini huenda hivi: 2S₂O₃²⁻ → S₄O₆²⁻ + 2e⁻. Salfa katika thayosalfeti ina wastani wa +2, katika tetrathayoneti ina wastani wa +2.5, na mwanafunzi anayeiona nusu hiyo hudhani amekosea. Hakukosea. Kwa njia ya chaji, kushoto ni −4, kulia ni −2, elektroni mbili kulia, na kazi imekwisha bila kugusa wastani wowote.

Kuna hali moja ya mwisho inayowatatiza wanafunzi: pale kitu kinachotoa na kinachopokea kinapoishia kuwa kitu kilekile. Dawa ya klorini ya kung'arishia nguo nyeupe ina ClO⁻ pamoja na Cl⁻. Mtu akiichanganya na asidi ya kusafishia choo, hutoka gesi ya klorini. Mlinganyo nusu wa kwanza ni 2ClO⁻ + 4H⁺ + 2e⁻ → Cl₂ + 2H₂O, wa pili ni 2Cl⁻ → Cl₂ + 2e⁻. Ukijumlisha unapata klorini mbili kulia na kila namba inagawanyika kwa mbili, kwa hiyo unapunguza:

ClO⁻ + Cl⁻ + 2H⁺ → Cl₂ + H₂O

Chaji ni sifuri kila upande. Ukiona H⁺ zile upande wa kushoto, umeshajua kwa nini vitu hivyo viwili havipaswi kukutana katika choo kisicho na dirisha.

Nikuachie zoezi la alikali ulifanye mwenyewe. Myeyusho wa kijani wenye Cr(OH)₄⁻ hutiwa haidrojeni peroksaidi, H₂O₂, ukapashwa moto, na rangi inageuka manjano kwa kutokea CrO₄²⁻. Peroksaidi yenyewe inaishia kuwa OH⁻. Andika milinganyo nusu miwili, uiunganishe, ufute OH⁻ zilizojirudia. Ukimaliza na kromi mbili, peroksaidi tatu, OH⁻ mbili kushoto na maji manane kulia, na chaji ikawa −4 pande zote mbili, umepata. Ukipata vinginevyo, nitumie hatua zako zote, si jibu la mwisho peke yake.